Tippu Tip na mshahara wa pauni 30: tajiri wa pembe alifuata nini kwenye uwali wa Leopold?

#1 Mto Lualaba
Wakuu, habari za jioni. Kuna jambo linanisumbua tangu Jumapili nilipobishana na shemeji yangu mpaka chai ikapoa.

Tippu Tip sote tunamjua. Hamed bin Muhammed bin Juma el Murjebi, mtoto wa Unguja, kazaliwa miaka ya 1830. Baba yake alikuwa na makazi Tabora. Kijana alipofika miaka kumi na nane hivi akaanza kufuatana na misafara, baadaye akavuka Ziwa Tanganyika, akaingia Manyema, mwisho akaweka makao Kasongo. Kule alikuwa mgeni. Hakuwa na shamba la baba wala kaburi la babu, kilichompeleka ni pembe tu. Ndani ya miaka michache mgeni huyo anaweka machifu na kuwatoa, anakata kesi za watu, na pembe haiuzwi mpaka yeye ajue.

Sasa mwaka 1887 tajiri huyuhuyu anatia saini mkataba huko Ubelgiji awe wali, yaani gavana, wa Kongo kwa niaba ya Mfalme Leopold. Mshahara pauni 30 kwa mwezi. Akapandisha bendera ya bluu yenye nyota ya njano, akakaa na cheo hicho hadi alipokufa mwaka 1908.

Swali langu ni moja. Mtu mwenye maelfu ya bunduki nyuma yake anafuata nini kwenye pauni 30? Shemeji anasema alikuwa mjinga. Mimi nakataa, ila sina jibu.

#2 Kiti cha Mbele
Naweka kambi hapa. Nimekuja na karanga.

#3 Mwalimu Mstaafu
Mleta uzi, swali zuri, tarehe mbovu. Nikurekebishe kabla vijana hawajanakili.

Kwanza hakufa 1908. Alifariki Juni 1905, mjini Unguja, kwa malaria. Pili, Ubelgiji hakufika. Mkataba ulitiwa saini Zanzibar, Februari 1887, akiwa na Stanley aliyekuja kama mjumbe wa Leopold, na balozi wa Uingereza akiwepo. Tatu, hakupewa Kongo. Alipewa jimbo moja, Stanley Falls, ambayo leo ni Kisangani. Makao makuu ya dola ile ya Leopold yalikuwa Boma, karibu na Atlantiki, na huko mamlaka yake hayakufika hata nusu ya njia. Na hakukaa na cheo hadi kufa. Alirudi pwani mwaka 1891, akamwachia uwali mtoto wa ndugu yake, Rashid bin Mohammed.

Kwa hiyo sema "mwanasiasa wa jimbo", usiseme mtawala wa Kongo.

#4 Mto Lualaba
Asante Mwalimu. Nimechapwa viboko vinne kwenye chapisho moja. Swali lakini bado limesimama.

#5 Frasila Mbili
Tuanze na hesabu, maana watu hapa watakuja na hisia.

Mwaka 1876 Stanley alipita Manyema akamtaka Tippu Tip amsindikize kuteremka Lualaba. Walipatana dola 5,000 kwa vituo 60. Kwa kiwango cha enzi hizo, dola nne na robo tatu hivi kwa pauni, hiyo ni zaidi ya pauni 1,000. Kazi ya miezi michache.

Uwali: pauni 30 mara 12 ni pauni 360 kwa mwaka. Yaani mwaka mzima wa kuwa mkubwa wa jimbo ni kama theluthi moja ya vile vituo 60. Anayesema alifuata mshahara atoke nje ya uzi.

#6 Bwana Misafara
#5 umesahau kwamba zile 5,000 hazikulipwa zote. Tippu Tip aligeuza njiani baada ya kuona msitu, ndui na mishale, wakamalizana kwa pungufu. Mzee alilalamika mpaka uzeeni kuwa Stanley alimwahidi makubwa, halafu alichotumiwa ni picha. Picha ya Stanley mwenyewe!

#7 Mama Tausi
😂😂 Umpeleke mtu msituni miezi, akutumie picha yake. Wanaume mmeanza zamani.

#8 Mshangani
Assalaam aleikum. Mie n'tasema nnavyojua sisi wa Mjini.

Tippu Tip alipokuja Unguja mwishoni mwa 1886 alimkuta sultani wetu, Seyyid Barghash, hana hali. Wazungu wameshagawana bara kule Berlin, Mjerumani ameshajichukulia Usagara na nchi za jirani. Barghash akamwambia wazi kuwa bara hana haja nayo tena, maana hata hii Zanzibar wanataka kumnyang'anya. Hebu fikiria. Wewe miaka yote ukipita kwa jina la Seyyid, bendera yake nyekundu ndiyo kinga yako, leo mwenye bendera anakwambia kila mtu na lake. Utafanya nini? Utatafuta bendera nyengine.

Ndo jibu hilo. Hakumfuata Leopold. Aliachwa na Barghash.

#9 Kipara wa Kilosa
Nakazia #8. Mtoto akifiwa na baba humfuata mjomba.

#10 Hoja Kavu
#8 maelezo matamu ila hayatoshi. Barghash hakuwa na askari hata mmoja Kasongo. Bendera nyekundu kule ilikuwa kitambaa tu, na nguvu zilikuwa za Tippu Tip mwenyewe. Kama mwenye kitambaa kaondoka, kwa nini asikae bila kitambaa?

Mimi naona mnasahau kesi ya Agosti 1886. Stanley aliacha kituo pale kwenye maporomoko tangu Desemba 1883. Kufika 1886 kituo kina Mwingereza mmoja, Deane, na askari wachache. Mwanamke mtumwa akatoroka kwa Waarabu, akakimbilia kituoni, Deane akakataa kumrudisha. Vita. Kituo kikachomwa, Deane akakimbia porini, mwenzake Dubois akafa maji. Yote hayo Tippu Tip hayupo, yuko njiani kwenda pwani.

Sasa weka hilo mezani. Watu wako wamechoma kituo cha mfalme wa Ulaya. Wewe uko Unguja na mali yako yote iko kwenye mikono ya Wahindi na macho ya mabalozi. Anakuja Stanley na karatasi: sahihi hapa, yaliyopita yamepita, wewe ndiye wali. Unasaini. Ule ulikuwa mkataba wa sulhu uliovishwa nguo za ajira.

#11 Kiti cha Mbele
Karanga zimeisha, nimeagiza miwa.

#12 Mto Lualaba
#10 umenigusa. Lakini Leopold naye angeweza kutuma jeshi kulipiza. Kwa nini amuajiri mchomaji?

#13 Hoja Kavu
Kwa sababu jeshi hana. Dola yake ina miaka miwili, pesa zimekauka, na kutoka Boma hadi maporomoko ni safari ya kwenda kuzikwa. Pauni 360 kwa mwaka ni bei rahisi kuliko risasi. Leopold alinunua muda. Miaka mitano baadaye jeshi analo, na tunajua kilichotokea.

#14 Tabora Embe
Wanyamwezi tumefika. Mnaongea kama vile zile pembe zilitembea zenyewe hadi pwani. Frasila moja ni kilo 16 hivi, na mzigo wa mpagazi ulikuwa karibu frasila mbili. Bega la babu yangu ndilo lililomtajirisha huyo bwana, mnaleta hesabu za pauni!

Halafu mnamsoma kuanzia Kasongo wakati shule yake ilikuwa kwetu. Baba yake, Muhammed bin Juma, alioa Karunde, binti wa Mtemi Fundikira wa Unyanyembe. Mgeni mfanyabiashara, ghafla mkwe wa ikulu. Alipokufa Fundikira, akatawala Mnywa Sele, akataka kuwatoza Waarabu ushuru. Wageni wakamtoa wakamweka Mkasiwa. Kijana Hamed alikulia kwenye habari hizo. Alishaona kwamba mgeni mwenye bunduki na mke wa ukoo unaofaa anaweza kuchagua nani awe mtemi.

Kwa hiyo siasa hakuifunzwa na Stanley. Aliitoa Tabora pamoja na embe.

#15 Mama Tausi
Kumbe ni mashemeji zenu, basi lipeni deni la watumwa 😂

#16 Tabora Embe
#15 ushemeji wa mama wa kambo hauna deni. Mahari yenyewe hatujui kama ilimalizwa.

#17 Ndugu wa Boyoma
Jambo kwenu bote. Mimi niko mutu ya Kindu, lakini ninaikala hapa Kisangani. Mutanisamehe Kiswahili yangu, ni ya huku kwetu.

Ninasoma vile munamupima na pauni, sawa. Lakini huku bazee habakusema "Tippu Tip" na furaha. Balisema Matambatamba, ni vile baliita bale batu bake benye kuja na bunduki, banachoma mugini, banakamata banamuke na batoto, kisha banangoya bwana akuye na pembe ya kumukomboa. Ile ndiyo ilikuwa serikali yake mbele ya ile karatasi ya Stanley. Biashara yake ilikuwa ile.

Tena kitu ingine. Ile Kiswahili ninaandika nayo, ni beye baliileta. Wangwana. Batu ya Kasongo, Kindu, paka hapa Kisangani. Ninamuchukia na luga yake mwenyewe.

#18 Mwalimu Mstaafu
#17 karibu sana ndugu. Hiyo sentensi yako ya mwisho nimeisoma mara tatu. Na "Wangwana" ni waungwana wetu wa pwani, ndiyo maana Kiswahili cha huko kiliitwa Kingwana.

#19 Kipara wa Kilosa
"Ninaikala" imenikosha. Natumia kuanzia leo.

#20 Ukweli Mchungu
Afadhali #17 kasema. Huu uzi ulikuwa unageuka sherehe. Huyu ni muuza watu, kwisha. Livingstone alishuhudia kwa macho yake watu wa Tippu Tip wakiua mamia ya wanawake sokoni Nyangwe, mnakaa kujadili mshahara wake!

#21 Bwana Misafara
#20 hasira yako naielewa ila fanya haki. Mauaji ya soko la Nyangwe, Julai 1871, Livingstone alikuwepo kweli, lakini waliofyatua walikuwa watu wa Dugumbe, mfanyabiashara mwingine. Tippu Tip na Livingstone walikutana kabla, mwaka 1867, baada ya vita vya Nsama wa Itabwa. Hapo alimpa mzee chakula na barua ya kupita.

Haya ya Nsama sasa hayo ni yake kabisa. Chifu mkubwa, aliyeogopwa na kila msafara. Hamed akaingia bomani na wenzake wachache, akapigwa mishale, lakini bunduki zikashinda. Akatoka na shehena kubwa ya pembe ya Nsama. Mtaji wake wa kwanza wa maana ulikuwa nyara.

#22 Ukweli Mchungu
Sawa, Dugumbe. Kwa aliyepigwa risasi inabadilisha nini?

#23 Bwana Misafara
Kwake, hakuna. Kwa anayeandika, inabadilisha.

#24 Punje ya Mtama
Mimi niletee kisa changu, maana naona hakuna aliyewahi kuajiriwa kwa cheo bila hela.

Miaka kadhaa nyuma nilikuwa na biashara yangu ya mazao, naiendesha vizuri tu. Kampuni moja, siitaji, ikanitafuta niwe "mwakilishi wa kanda". Mshahara nilicheka. Ulikuwa chini ya faida yangu ya wiki moja ya mavuno. Lakini nilipewa kitambulisho, fulana na barua yenye muhuri. Wakuu, ile barua! Mizani nilikuwa nasimamishwa masaa, sasa napungiwa mkono. Ofisi ya kijiji nilikuwa nakaa benchi, sasa naletewa kiti. Na wale wapinzani wangu wa soko wakaanza kuniita bosi, wakati jana tulikuwa tunagombania gunia.

Nikawa nafanya biashara yangu ndani ya barua yao. Walipokuja kushtuka na kutaka nifanye kazi yao kweli, tukaachana vibaya, na walinishika mzigo wangu.

Sasa someni ule mkataba wa Tippu Tip. Uliruhusu aendelee na biashara yake binafsi. Nadhani mmeelewa.

#25 Frasila Mbili
#24 hii ndiyo nondo. Na wapinzani wa soko alikuwa nao. Watu wanadhani Waarabu wa Manyema walikuwa kitu kimoja chini yake. Wapi! Nyangwe kulikuwa na Mwinyi Mohara, hakumtii. Ujiji kuna Rumaliza na hesabu zake. Cheo cha wali kilimfanya yeye pekee kati ya wafanyabiashara wote awe na karatasi ya serikali.

#26 Hoja Kavu
#24 na #25, karatasi ya serikali ambayo wapinzani wake hawaitambui inamsaidia nini? Barua yako ilifanya kazi kwa sababu mwenye mizani aliujua muhuri. Mwinyi Mohara aliujua muhuri wa Leopold?

#27 Punje ya Mtama
Aliujua vizuri Wazungu walipofika na mizinga.

#28 Hoja Kavu
Hapo alishauawa. Januari 1893.

#29 Mfuasi wa Meli
Jamani mnapita mbali na kitu kikubwa: meli.

Baada ya kusaini, Tippu Tip na watu wake kama mia wakapanda meli Madura pamoja na Stanley, wakazunguka kusini yote ya bara. Zanzibar, Cape Town, halafu Banana kwenye mdomo wa Kongo, Machi 1887. Wakatembea pembeni ya maporomoko ya chini, wakapanda mashua za mvuke hadi kwake. Mtu aliyekuwa akitembea miezi na miezi kutoka Bagamoyo hadi Kasongo, anafika nyumbani kwake kwa mlango wa nyuma, amekaa kwenye kiti.

Mfanyabiashara gani akiona hivyo hawazi nauli? Mpagazi analiwa na njaa, anatoroka, anakufa, Wagogo wanataka hongo. Mto hauna hongo. Mimi nasema alitaka njia ya magharibi ya pembe.

#30 Tabora Embe
Umeona? Alitaka kutuachisha kazi wapagazi. Na ushemeji wote ule.

#31 Frasila Mbili
#29 hoja nzuri ila pembe zake ziliendelea kwenda mashariki hata alipokuwa wali. Sababu ni deni. Mtaji ulitoka Zanzibar kwa tajiri wa Kihindi, Taria Topan. Unakopeshwa vitambaa, shanga na bunduki, unalipa kwa pembe. Huwezi kukopa Shangani ukaenda kulipa Boma.

#32 Mfuasi wa Meli
Basi alitaka baruti. Kwenye mkataba ule wa pili, wa kutoa wapagazi 600 kwa safari ya Stanley ya kumfuata Emin Pasha, gavana aliyekwama kusini ya Sudan, ugomvi wote baadaye ulikuwa baruti. Yeye alisema aliahidiwa, Stanley akasema hapana.

#33 Mwalimu Mstaafu
Hapo mmefika penye utamu. Wale wapagazi 600 walichelewa karibu mwaka. Kikosi cha nyuma cha Stanley kilikaa Yambuya, kikaoza kwa njaa na maradhi. Juni 1888 wapagazi wakaletwa, pungufu, na Julai mkuu wa kikosi, Meja Barttelot, akapigwa risasi na mume wa mwanamke aliyekuwa akimgombeza kwa sababu ya ngoma alfajiri. Stanley alipotoka msituni akamtwika Tippu Tip lawama, akamshtaki Zanzibar, adai pauni 10,000. Mali iliyokuwa kwa Taria Topan ikazuiwa.

Kwa hiyo fanyeni hesabu tena. Mshahara pauni 30, kesi pauni 10,000. Hiyo ni mishahara ya zaidi ya miaka ishirini na saba.

#34 Mama Tausi
Huyo shemeji wa mleta uzi mbona kama anaanza kushinda.

#35 Mto Lualaba
Nimemtumia kiungo, anasoma kimya kimya. Mama Tausi usimpe nguvu.

#36 Mwalimu Mstaafu
Kesi yenyewe ilifutwa. Alirudi pwani kujibu, ikayeyuka.

#37 Mjukuu wa Uongo
Nimesoma yote, niseme langu. Mnatafuta faida ya ule mkataba kama vile alikuwa ameanza siasa siku ile. Rudini nyuma kidogo, Utetela.

Kule kulikuwa na chifu mzee, Kasongo Rushie. Tippu Tip alisikia zamani dada wa ukoo ule alitekwa vitani akapotea. Akajipanga. Akaenda na hadithi kwamba yule aliyetekwa alinunuliwa na babu yake, ndiye aliyemzaa mama yake, kwa hiyo yeye Hamed ni damu ya pale. Mzee akalia, akamkumbatia, akampa nchi! Watu, pembe, hukumu, vyote. Bila risasi. Mgeni aliyefika jioni, asubuhi ni mrithi.

Mtu wa namna hiyo haulizi mshahara ni kiasi gani. Kila mwenye nguvu aliyekutana naye alimwendea na ukoo uliotayarishwa. Kwa Kasongo Rushie alikuwa mjukuu. Kwa Barghash alikuwa raia mtiifu. Na Stanley alikuwa rafiki wa safari. Kwa Leopold akawa wali. Ulikuwa undugu wa kubuni mwingine, safari hii umeandikwa kwa wino.

#38 Kiti cha Mbele
Aisee. Nimeacha miwa.

#39 Hoja Kavu
#37 umeandika vizuri mno, ndiyo maana nina shaka. Hadithi ya Kasongo Rushie anayeisimulia nani? Yeye mwenyewe, uzeeni, Unguja, alipomsimulia Mjerumani Brode maisha yake kwa Kiswahili. Mzee amekaa barazani anajisifu alivyomlaghai chifu. Chifu hatukumsikia. Inawezekana Kasongo Rushie alijua ni chai tangu mwanzo, akamkubali kwa sababu alimhitaji mwenye bunduki dhidi ya majirani zake.

#40 Mjukuu wa Uongo
Na inawezekana Leopold naye vilevile. Umenisaidia.

#41 Hoja Kavu
Hapana, nimekupinga.

#42 Ndugu wa Boyoma
#39 uko na akili. Huku bakubwa ba zamani habakuwa bajinga. Mugeni mwenye bunduki akisema "mimi mutoto yenu", utamwambia hapana? Unamupa kiti, unangoya.

Ngongo Lutete alingoya. Alikuwa mutu ya Tippu Tip, kisha 1892 akapita kwa Babelgiji. Baye banamuua 1893. Alibadilisha baba mara mbili na akakufa tu.

#43 Mshangani
Mnamsema sana, mie nikwambieni alivyomalizia. Karudi na mashamba yake saba na watumwa wanakaribia elfu kumi, ndo tajiri wa Unguja. Nyumba yake ipo Shangani mpaka leo, karibu na Africa House, mlango wake wa nakshi mkubwa. Utotoni nikipita pale kila siku nikienda chuoni, tukiambiwa tusichelewe, mzee mwenye macho ya kupepesa atatuona. Ndo hilo jina, kwa ajili ya macho.

#44 Bwana Misafara
Jina ni bunduki. Mwenyewe alisema watu wa bara walisikia milio tip tip tip. Habari ya macho waliipenda Wazungu.

#45 Mshangani
Mwenyewe ungemtaraji aseme naitwa kwa macho mabovu? Alipepesa, wengi waliomwona waliandika hivyo.

#46 Kipara wa Kilosa
Labda alipepesa kwa sababu ya moshi wa bunduki. Nimemaliza ugomvi, nidai ada.

#47 Msafiri wa Kasumbalesa
Nimechelewa. Wenzangu wametaja Tabora na Kisangani, mimi natoka kusini. Kama mnataka mgeni mfanyabiashara aliyegeuka mtawala, Msiri ndiye mwenyewe. Msumbwa wa kaskazini-magharibi ya Tabora, baba yake mfanyabiashara wa shaba, kaenda Katanga, kaanzisha dola Bunkeya. Yeye alipoletewa bendera alikataa, wakampiga risasi Desemba 1891. Mwaka huohuo Tippu Tip anashuka pwani salama.

Huo ndio ulinganisho wenu. Aliyekataa bendera alikatwa kichwa, na aliyeikubali alikufa kitandani.

#48 Ukweli Mchungu
#47 na mtoto wa aliyeikubali? Sefu aliuawa vitani Oktoba 1893 akipigana na walewale waliompa baba yake uwali. Nyangwe ilianguka Machi, Kasongo Aprili. Baba yuko Unguja anahesabu karafuu.

#49 Msafiri wa Kasumbalesa
Hilo nalo kweli. Alimuonya mwanawe asipigane lakini, au vipi Mwalimu?

#50 Mwalimu Mstaafu
Inasemwa hivyo na wanaompenda. Nilichonacho mkononi ni kwamba alipoondoka aliwaacha Sefu na Rashid na himaya isiyo na mwenyewe, na wafanyabiashara wengine wakaanza vita na Wabelgiji bila kumuuliza. Aliyejua kuzungumza na pande zote alikuwa mmoja tu, na keshapanda jahazi.

#51 Nairobi Mchana
Sisi wa Kenya tuna A. M. Jeevanjee. Alizaliwa Karachi, akaja Mombasa 1890, akaleta wafanyakazi na vyakula vya reli, akaishia kuteuliwa Baraza la Kutunga Sheria mwaka 1909, Mhindi wa kwanza. Mfanyabiashara akigeuka mwanasiasa huwa hivyo, mali kwanza kiti baadaye. Hakuna fumbo.

#52 Tabora Embe
#51 Jeevanjee aliteka kijiji gani? Usichanganye mkandarasi na Matambatamba.

#53 Nairobi Mchana
Sawa, natoa hoja. Bustani yake lakini bado tunakaa kivulini.

#54 Mto Lualaba
Shemeji kajibu hatimaye, nanukuu ujumbe wake: "Nimesoma. Alikuwa na miaka hamsini, amechoka kutembea, akapewa lifti ya meli mpaka nyumbani. Mngeuliza wazee wenzake mngepata jibu mapema."

#55 Mfuasi wa Meli
Shemeji yuko upande wangu! Nilisema meli.

#56 Frasila Mbili
Wewe ulisema nauli ya pembe, yeye anasema magoti. Tofauti.

#57 Mama Tausi
Mnipe namba ya huyo shemeji 😂

#58 Ndugu wa Boyoma
Kesho nitaenda ku maporomoko kwa Wagenia, niko na rafiki mwenye kuvua samaki pale. Nitauliza baba yake kama bazee bake balisema nini juu ya ile bendera, ile ya nyota. Nitarudisha hapa.

#59 Kiti cha Mbele
#58 tunaikala hapa tunakungoja.